Constance Baker Motley: ujaji aliupata kwa kesi zake au kwa miaka miwili ya siasa?

#1 Mchokonozi
Wakuu, habari za jioni. Nina hoja, naileta ipigwe mawe.

Kila nikisoma habari za Constance Baker Motley, mwanamke mweusi wa kwanza kuwa jaji wa shirikisho Marekani, naona sifa zote zinapelekwa kwenye kesi. Kesi kweli anazo. Mwaka 1950 ndiye aliyeandika hati ya awali ya madai ya kesi ya Brown, ile iliyokuja kupiga marufuku ubaguzi wa shule mwaka 1954. Ndiye aliyemwingiza James Meredith, mwanafunzi mweusi wa kwanza, Chuo Kikuu cha Mississippi mwaka 1962. Mahakama ya Juu alisimama mara kumi, akashinda tisa.

Ila tazameni tarehe. Aliingia ofisi ya Thurgood Marshall, mkuu wa mfuko wa utetezi wa NAACP, chama cha kutetea haki za weusi, mwaka 1945, bado yuko Columbia anasoma sheria. Kuanzia hapo mpaka 1963, hakuna Rais aliyempa kiti. Februari 1964 anaingia Seneti ya New York. Februari 1965 anakuwa rais wa wilaya ya Manhattan, yaani kiongozi wa sehemu hiyo ya Jiji la New York. Januari 1966 Lyndon Johnson anapeleka jina lake awe jaji. Miaka karibu ishirini ya kuhenya mahakamani haikumpa, miaka miwili ya siasa ikampa.

Msimamo wangu: joho kalipewa na siasa. Kesi zilimpa jina tu. Karibuni.

#2 Shemeji wa Wote
Nimekaa siti ya mbele na karanga zangu. Endeleeni.

#3 Wakili wa Mkoani
Mchokonozi, tarehe kufuatana si ushahidi wa chochote. Thurgood Marshall hakuwahi kugombea hata uenyekiti wa mtaa, na Kennedy alimteua Mahakama ya Rufani ya Kanda ya Pili mwaka 1961. Robert Carter, aliyekuwa naye ofisi moja, aliteuliwa mwaka 1972 kwenye mahakama ileile aliyokaa Motley, na aliyemteua ni Nixon wa Republican. Wote wawili kura hawakuziomba. Kama siasa ndiyo mlango, hao waliingilia wapi?

#4 Nyamwezi Halisi
Wakili, umejijibu mwenyewe. Hao wote ni wanaume.

Mwaka huohuo 1961 Marshall anaondoka, kiti cha mkuu wa mfuko wa utetezi wa NAACP kinabaki wazi. Motley yuko pale tangu 1945, kesi za vyuo vikuu vya Kusini amezibeba yeye. Kiti akapewa Jack Greenberg, mzungu, aliyeingia ofisini mwaka 1949. Sina neno na Greenberg, alikuwa wakili mzuri na Brown alikuwemo. Lakini mwanamke ukishaona ngazi ya nyumbani imekatwa, unatafuta pa kutokea. Siasa kwake ilikuwa pa kutokea. Mwanamume angeisubiri simu ya Rais akiwa ofisini kwake.

#5 Kijana wa Mbagala
Samahani wakubwa, kumbe alikuwa seneta wa Marekani? Basi Obama alitanguliwa. Na nimesikia yeye ndiye jaji mweusi wa kwanza kabisa kule.

#6 Maktaba ya Bibi
Kijana, yote mawili hapana.

Seneti aliyoingia ni ya jimbo la New York, inakaa Albany. Humo yeye ni mwanamke mweusi wa kwanza. Seneti ya Washington mwanamke mweusi wa kwanza ni Carol Moseley Braun wa Illinois, aliyeapishwa 1993.

Jaji mweusi wa kwanza wa shirikisho ni William Hastie, aliyepelekwa Visiwa vya Virgin mwaka 1937, kisha mahakama ya rufani 1949. Mwanamke wa kwanza mahakama ya rufani ya shirikisho ni Florence Allen, 1934. Mwanamke mweusi wa kwanza kuwa jaji popote Marekani ni Jane Bolin, aliyeteuliwa New York 1939 kusikiliza mashauri ya familia. Motley ni mwanamke mweusi wa kwanza kwenye ngazi ya shirikisho, na mwanamke wa kwanza wa rangi yoyote kwenye mahakama ya Wilaya ya Kusini ya New York.

#7 Kijana wa Mbagala
Shukrani Bibi. Nimeelewa.

#8 Msafiri wa Bronx
Niko huku huku New York, niweke mchango mdogo.

Mnazungumza siasa kana kwamba aliamka asubuhi akachukua fomu. Nyuma yake alikuwepo J. Raymond Jones, yule waliyemwita Mbweha wa Harlem. Mwaka 1964 huyo mzee ndiye mweusi wa kwanza kuongoza Tammany Hall, mtambo wa chama cha Democratic ndani ya Manhattan. Yeye ndiye aliyemsukuma Motley agombee. Kiti cha rais wa wilaya kilipokuwa wazi, baada ya Edward Dudley kwenda kuwa jaji wa jimbo, wa kwanza kumpa hakuwa mpiga kura, walikuwa madiwani wa Manhattan. Uchaguzi wenyewe ulikuja Novemba 1965, na hapo aliungwa mkono na Democratic, Republican na Liberal kwa mpigo.

Kwa hiyo Mchokonozi ana hoja, ila aitaje vizuri: si siasa, ni mlezi. Bila Jones, Johnson angepata wapi sababu ya kumtazama?

#9 Mchokonozi
Msafiri, nakubaliana nawe asilimia tisini. Hiyo kumi nabaki nayo kwa sababu wazee wa chama walikuwa na wanawake wengine wa kuwalea. Walimchagua huyu kwa sababu jina lake lilikuwa magazetini.

#10 Wakili wa Mkoani
Eh! Kwa hiyo kesi ndizo zilizompa siasa? Umehama kambi bila kuaga.

#11 Shemeji wa Wote
😂😂 Karanga zimenipalia.

#12 Binti Saadani
Nyie mnahesabu nani kampa, mimi nataka mwone alichokuwa anakifanya. Ninyi wanaume mnasema "kesi ya Meredith" kama vile alikwenda masjala akalipia ada akarudi.

Jackson, Mississippi. Mahakama ya shirikisho. Nyuma ya kiti cha jaji ukuta mzima una mchoro wa mwaka 1938 wa maisha ya jimbo lile: wazungu wamevaa vizuri katikati, weusi pembeni wanachuma pamba. Wewe wakili mweusi unasimama kuomba haki huku unaitazama ile picha. Magazeti ya pale yalikuwa hayamwiti Bi, yanaandika tu "yule mwanamke Motley". Kwa kesi moja hiyo alikwenda Mississippi mara 22. Hoteli hakuna ya kumpokea, analala kwenye nyumba za watu weusi. Usiku mmoja yuko garini na Medgar Evers, kiongozi wa NAACP wa Mississippi, polisi wa jimbo wanawafuata nyuma, Evers anamwambia asigeuke kutazama. Evers mwenyewe aliuawa kwa risasi nje ya nyumba yake Juni 1963.

Jaji wa kwanza, Mize, akasema haoni ubaguzi wowote chuoni. Rufani ikatengua. Jaji mmoja wa rufani, Cameron, akawa anatoa amri za kusimamisha utekelezaji, moja baada ya nyingine, mpaka Hugo Black wa Mahakama ya Juu akazifuta. Usiku wa 30 Septemba 1962 watu wawili waliuawa pale chuoni, na maofisa wa shirikisho zaidi ya 160 wakajeruhiwa. Asubuhi Meredith akajiandikisha.

Halafu mtu anasema "kesi zilimpa jina tu".

#13 Karani Mstaafu
Binti Saadani umeandika vema mwanangu. Nimekaa masjala ya mahakama miaka mingi, mikoa zaidi ya mmoja, na nitasema jambo moja.

Wakili mwanamke wa kwanza niliyemwona akija kituoni kwetu, askari wa mlangoni alimwonyesha benchi la ndugu wa washtakiwa. Akakaa. Kesi ilipoitwa akasimama, akaenda meza ya mbele, akajitambulisha. Hakimu akamuuliza kama wakili mwenyewe amechelewa. Yule mama akasema, "Wakili mwenyewe ni mimi, mheshimiwa," na akaendelea na hoja yake ya dhamana kama hakuna kilichotokea. Dhamana akaipata. Mimi nilikuwa nashika jalada, mikono inatetemeka kwa niaba yake.

Kwa hiyo sioni ajabu kwamba Marshall alimpa huyo Motley kesi ya Meredith akidhani mwanamke mweusi atakuwa salama kidogo Kusini kuliko mwanamume. Ni mawazo ya bosi ambaye hatakwenda yeye.

#14 Nyamwezi Halisi
"Bosi ambaye hatakwenda yeye." Mzee umeua.

#15 Wakili wa Mkoani
Mzee Karani, heshima yako. Ila tumtendee haki Marshall, naye alinusurika kunyongwa na genge la wazungu Tennessee mwaka 1946. Hakuwa mtu wa kukaa ofisini. Na ofisi nyingi za mawakili New York mwaka 1945 zisingempa Motley hata kiti cha kusubiria. Yeye alimwajiri.

#16 Mkaazi wa Kayole
Habari zenu majirani. Huyo Marshall sisi huku tunamkumbuka kwa lingine. Mwaka 1960 alikuja London kwenye mkutano wa Lancaster House, akiwa mshauri wa wajumbe Waafrika wa Kenya. Tom Mboya ndiye alikuwa amemwomba. Akaandika rasimu ya sura ya haki za watu, na alitilia mkazo hata haki za Wahindi na wazungu wachache. Ofisi yake ikabaki na akina Motley na Greenberg wakipigana kule Georgia na Alabama.

Na hiyo njia ya wakili, bunge, kisha ujaji si ya Marekani pekee. Njoki Ndung'u alikuwa wakili, akawa mbunge mteule bunge la 2003 hadi 2007, akausukuma mswada uliokuja kuwa Sheria ya Makosa ya Kingono ya 2006, kisha 2011 akaingia Mahakama ya Juu. Hapo kwenu mngeweza?

#17 Karani Mstaafu
Kwetu Tanzania tulianza kinyumenyume. Julie Manning aliteuliwa jaji wa Mahakama Kuu mwaka 1973, mwanamke wa kwanza, halafu mwaka 1975 akatolewa kitini akawa Waziri wa Sheria. Jaji kwenda siasa. Siku hizi Katiba ibara ya 113A inamkataza jaji kujiunga na chama, anabaki na haki ya kupiga kura tu.

#18 Mchokonozi
Mzee, ibara hiyo inamzuia aliyekwisha kuwa jaji. Aliyekuwa mwanasiasa jana na leo akateuliwa, je?

#19 Karani Mstaafu
Anarudisha kadi. Moyo hakuna ofisi ya kuurudishia.

#20 Maalim Mwinyi
Assalaam alaikum. Mnapita pembeni ya jambo kubwa. Jina lilipelekwa Januari 1966, Seneti ikamthibitisha mwisho wa Agosti. Miezi saba. Nani aliyekalia jalada? James Eastland, mwenyekiti wa kamati ya sheria ya Seneti. Anatoka wapi? Mississippi. Huyu mama ndiye aliyemfungulia Meredith mlango wa chuo cha jimbo lake. Akamsingizia ukomunisti.

Sasa kama siasa ndiyo iliyompa ujaji, mbona na siasa hiyohiyo ilikuwa inamnyima? Kesi zake ndizo zilizomwudhi Eastland, si kura za Manhattan.

Kisha dunia ina vichekesho. Jengo lile la Jackson lenye mchoro alioutaja Binti Saadani lilikuja kupewa jina la Eastland huyohuyo.

#21 Binti Saadani
Wa alaikum salaam Maalim. Subhanallah. Jengo lilelile!

#22 Msafiri wa Bronx
Maalim, ongeza na hili. Johnson mwanzoni hakutaka kumpeleka mahakama ya mwanzo ya shirikisho. Alitaka kumpeleka Mahakama ya Rufani ya Kanda ya Pili, kwenye kiti kilichoachwa na Marshall alipokwenda kuwa wakili mkuu wa serikali mwaka 1965. Upinzani ukawa mkali, akashushwa ngazi moja. Motley mwenyewe aliyaeleza haya baadaye. Kwa hiyo hata "kupewa" kwenyewe kuna makato.

#23 Nyamwezi Halisi
Upinzani wa nani? Eastland peke yake?

#24 Msafiri wa Bronx
Si Kusini tu. Hata huku wakubwa wa sheria wa New York, wengi waliona mwanamke kwenye rufani ni jambo lisilofikirika. Mwanamke alikuja kukaa Kanda ya Pili mwaka 1979, Amalya Kearse, mweusi pia, umri miaka 42, kateuliwa na Carter. Wakati huo Motley alikuwa na miaka 57.

#25 Wakili wa Mkoani
Hapo ndipo nilipokuwa nangojea. Swali la Mchokonozi dogo. Swali kubwa ni kwa nini aliishia palepale. Aliapishwa 1966, akafa 28 Septemba 2005 akiwa jaji wa mahakama ileile. Miaka 39 hajapanda.

Mimi nasema ni kalenda ya Ikulu. Johnson alitoka Januari 1969. Kisha Nixon na Ford. Carter alikaa miaka minne na hakupata hata nafasi moja ya Mahakama ya Juu. Kisha Reagan na Bush mkubwa mpaka 1993, mama ana miaka 71. Hakuna Rais wa Democratic aliyekuwa na nafasi wakati Motley ana umri wa kupandishwa. Basi. Hakuna njama.

#26 Nyamwezi Halisi
Na hiyo nafasi ya 1967 aliyopewa Marshall? Johnson alikuwa Ikulu.

#27 Wakili wa Mkoani
Mwaka 1967 Motley ana mwaka mmoja tu kitini. Unamrukisha mpaka juu?

#28 Nyamwezi Halisi
Marshall mwenyewe siku ile hakuwa jaji, alikuwa wakili wa serikali. Mwanamume anarukishwa, mwanamke anaambiwa akae akomae.

#29 Kijana wa Mbagala
Lakini nasoma kwamba alikuja kuteuliwa Jaji Mkuu wa mahakama yake 1982. Si alipanda?

#30 Maktaba ya Bibi
Hakuteuliwa, mwanangu. Ujaji mkuu wa mahakama ya wilaya ya shirikisho unakwenda kwa kutangulia: jaji aliyekaa muda mrefu kuliko wenzake, ambaye hajapita umri uliowekwa, zamu ni yake. Alishika 1982 mpaka 1986. Alipofika miaka 65 akachukua hadhi ya jaji mwandamizi, ambayo maana yake nafasi yako inajazwa na mwingine, wewe unaendelea kusikiliza kesi kwa kiasi unachoweza. Kustaafu kwa lazima hakuna kule. Kenya majaji wanatoka miaka 70.

#31 Mkaazi wa Kayole
Na hata hiyo sabini huku watu walikwenda kortini kuipinga 😂

#32 Mchokonozi
Turudi kwenye kazi yake ya ujaji, maana naona mnamfanya malaika. Wapo watu wa haki za raia waliovunjika moyo naye. Walitegemea akivaa joho ataendelea kuwa wakili wao. Hakuwa. Walalamikaji wa ubaguzi wengi walishindwa mbele yake kama kwa jaji mwingine yeyote.

#33 Binti Saadani
Ulitaka awe nini, mtetezi aliyevaa joho?

Soma kesi ya mwaka 1975. Diane Blank anaishtaki kampuni kubwa ya mawakili, Sullivan & Cromwell, kwa kubagua wanawake. Kesi inaangukia kwa Motley. Wakili wa kampuni anaomba ajitoe, kwa sababu ni mwanamke na alikuwa mtetezi wa haki za raia. Alivyojibu, kwa maneno yangu: kila jaji wa mahakama hii ana jinsia, ana rangi, ana kazi aliyokuwa akiifanya kabla. Kama hivyo vinatosha kumtoa mtu, hakuna jaji atakayebaki wa kuisikiliza. Akabaki. Mwaka 1977 kampuni ikamalizana na walalamikaji.

Mimi ni wakili. Niliwahi kuombwa na mteja nimpelekee mwenzangu mwanamume siku ya hoja "ili jaji asione tunamtania". Nilimpa jalada lake. Hiyo hukumu ya 1975 nimeichapa, iko kwenye droo.

#34 Shemeji wa Wote
Dada, huyo mteja alishinda?

#35 Binti Saadani
Shemeji kula karanga.

#36 Karani Mstaafu
😂 Mwacheni Shemeji.

#37 Msafiri wa Bronx
Mchokonozi, na ile ya besiboli? Mwaka 1977 mwandishi wa Sports Illustrated, Melissa Ludtke, anazuiwa kuingia chumba cha wachezaji cha uwanja wa Yankee wakati wa fainali, wenzake wa kiume wanaingia kuhoji wachezaji. Sababu waliyotoa ni faragha ya wachezaji. Septemba 1978 Motley akaamua kwamba hapana. Cha kutazama ni kamba aliyoishika: uwanja ni mali ya Jiji la New York, umekodishwa kwa klabu, kwa hiyo ubaguzi unaofanyika humo una mkono wa serikali na Katiba inaufikia. Faragha inaweza kulindwa kwa mapazia kwenye vibanda vya kubadilishia nguo, hamna haja ya kumfungia mwanamke mlango.

Hapo anaonekana wakili wa Mississippi. Hakupiga kelele za haki, alitafuta mwenye jengo ni nani.

#38 Wakili wa Mkoani
Hiyo nimeipenda. Na ni silaha ya zamani ya ofisi yao: tafuta serikali iko wapi kwenye ubaguzi.

#39 Maalim Mwinyi
Lakini kuna Sostre. Martin Sostre, mfungwa wa New York, aliwekwa kifungo cha upweke siku 372. Mwaka 1970 Motley akasema ni ukatili, akaamuru fidia ya dola 25 kwa kila siku, na adhabu ya dola 10 juu yake, jumla dola 13,020. Akaagiza na utaratibu wa haki kabla mfungwa hajaadhibiwa. Mwaka 1971 Mahakama ya Rufani ya Kanda ya Pili ikaikata sehemu kubwa ya hukumu hiyo.

Kanda ya Pili. Ileile Johnson aliyotaka kumpeleka. Mnaona? Wale wazee hawakumtaka awe mwenzao, kisha wakawa ndio wanaosahihisha daftari lake. Mimi nasema hapo ndipo kupanda kwake kulipokwama, kabla hata ya kalenda ya Wakili.

#40 Wakili wa Mkoani
Maalim, kila jaji wa mwanzo hutenguliwa. Ukitenguliwa si kwamba umechukiwa.

#41 Maalim Mwinyi
Sijasema kuchukiwa. Nimesema aliyepewa jina la msumbufu mwaka 1970 hakumbukwi mwaka 1979.

#42 Mchokonozi
Kwa hiyo tuna kalenda ya Wakili, jinsia ya Nyamwezi, mlezi wa Msafiri, Eastland na Kanda ya Pili za Maalim. Naongeza yangu: aliipenda kazi ya mwanzo. Mtu aliyehoji mashahidi miaka ishirini, ukimpeleka rufani kusoma makaratasi na wenzake wawili, unamzika. Mahakama ya mwanzo ndiko anakowaona watu.

#43 Binti Saadani
Hiyo ni sababu ambayo kila aliyemnyima mwanamke cheo huitoa. "Mwenyewe anapenda palepale."

#44 Nyamwezi Halisi
Naunga mkono hoja, namba 43 ibandikwe juu.

#45 Msafiri wa Bronx
Mwaka jana nilikwenda lile jengo la Foley Square alikokuwa akikaa, nilikuwa mkalimani wa ndugu mmoja kwenye shauri la mishahara. Simu unaacha chini kwa walinzi, wanakupa kidude chenye namba. Juu ni kimya, mbao nyeusi, dari iko mbali. Jengo siku hizi lina jina la Thurgood Marshall. Nikamuuliza mlinzi mmoja, mweusi, mtu mzima, kama anamkumbuka Jaji Motley. Akasema, "Mrefu, ameinyoosha shingo, anakusalimu kwa jina lako." Akaniashiria niendelee, foleni imejaa nyuma yangu.

#46 Kijana wa Mbagala
Alitoka familia ya wasomi?

#47 Maktaba ya Bibi
Hapana. Wazazi wahamiaji kutoka kisiwa cha Nevis, Karibiani. Alizaliwa New Haven, Connecticut, 14 Septemba 1921, mtoto wa tisa kati ya kumi na wawili. Baba alikuwa mpishi wa vyama vya wanafunzi wa Yale. Ada ya chuo haikuwepo. Siku moja akasimama kwenye mkutano wa kituo cha jamii, akawaambia wafadhili kwamba weusi hawakitumii kituo kwa sababu hawana sauti kwenye bodi. Kwenye viti alikuwepo tajiri mmoja mzungu, Clarence Blakeslee. Badala ya kununa akamwita, akamlipia masomo mpaka sheria.

Na Ketanji Brown Jackson, mwanamke mweusi wa kwanza Mahakama ya Juu, amezaliwa tarehe hiyohiyo 14 Septemba. Alimtaja Motley siku alipoteuliwa mwaka 2022.

#48 Mchokonozi
Blakeslee! Mnaona? Tena mlezi.

#49 Msafiri wa Bronx
Leo nakunywa chai kwa gharama yako, Mchokonozi.

#50 Nyamwezi Halisi
Msigeuze. Blakeslee aliita baada ya kumsikia anasema. Jones alimtafuta baada ya Mississippi. Walezi wote wamefika kazi ikiwa imeshaanza.

#51 Karani Mstaafu
Nina kitu kimoja hamjakigusa. Ile kesi moja aliyoshindwa kati ya kumi ni Swain dhidi ya Alabama. Kaunti ya Talladega, raia wa jopo la kuamua hatia (jury) huchaguliwa, na waendesha mashtaka wanawaondoa weusi wote waliopo. Hakuna mweusi aliyekuwa ameketi tangu karibu mwaka 1950. Mahakama ya Juu ikamwangusha Machi 1965. Aliitetea Desemba 1964. Angalieni tarehe, maana uzi huu umeanzia kwenye tarehe: Desemba 1964 alikuwa tayari ni seneta wa jimbo karibu mwaka mzima. Kwa hiyo hiyo "miaka miwili ya siasa" alikuwa bado anavaa suti ya wakili.

Hoja aliyoshindwa nayo ikaja kukubaliwa kwa sehemu mwaka 1986, kesi ya Batson.

#52 Mchokonozi
Mzee, hiyo inanisaidia mimi au inamsaidia Wakili?

#53 Wakili wa Mkoani
Inanisaidia mimi.

#54 Nyamwezi Halisi
Inawavuruga wote wawili. Mlikuwa mnagawa maisha yake vipande, yeye hakuyagawa.

#55 Mchokonozi
Sihami. Johnson asingepeleka jina la wakili tu wa NAACP wa kike mwaka 1966. Alipeleka jina la rais wa wilaya ya Manhattan aliyeungwa mkono na vyama vitatu. Hilo hamjaligusa mpaka sasa.

#56 Maalim Mwinyi
Na Eastland alimkalia miezi saba rais huyo wa wilaya wa vyama vitatu. Hilo nawe hujaligusa.

#57 Kijana wa Mbagala
Wakubwa, mimi niko mwaka wa kwanza wa sheria. Mtu akitaka kuzisoma hukumu zake mwenyewe aanze na ipi?

#58 Binti Saadani
Anza na Blank ya 1975, ile ya kukataa kujitoa, ni fupi. Kisha Ludtke ya 1978, ukiangalia jinsi anavyomfuata mwenye uwanja. Sostre iache ya mwisho, ni ndefu na ina maelezo ya mle ndani ya seli. Ukimaliza uisome na hukumu ya rufani ya 1971 pembeni yake, mstari kwa mstari. Mwalimu wako akikuuliza kwa nini unasoma vitu vya Marekani, mwambie ni vya dhamana.

#59 Shemeji wa Wote
Karanga zimeisha. Nani analeta nyingine, naona Mchokonozi bado anaandika.